Mile Budak hakuwa "mwandishi tu"

Nimechoka na maneno haya: "Tusichanganye siasa na fasihi." Juzi nimeyasikia tena kwa rafiki yangu, msomaji kunishinda, akimtetea Mile Budak wa Croatia. Eti mitaa iliyopewa jina lake miaka ya 1990 ilimuenzi mtunzi wa Ognjište, siyo waziri. Jamani!

Haya. Riwaya ile ya 1938, ya wakulima wa mkoa wa Lika alikozaliwa, ina wapenzi wake hadi leo, na sina ubavu wa kubishana nao. Mwaka 1932 alivamiwa Zagreb, akanusurika kuuawa, akaenda Italia kwa Waustasha, wazalendo wa Croatia wenye siasa za kifashisti. Machungu aliyaonja, nakubali.

Lakini Aprili 1941 akawa waziri wa elimu na dini wa Ante Pavelić, mkuu wa Waustasha aliyetawala Croatia chini ya mbawa za Hitler. Mwezi huohuo serikali yao ikapiga marufuku maandishi ya Kisirili, herufi za majirani zake Waserbia wa Lika. Juni ikaja amri ya kulinda utamaduni wa Kiarya: Myahudi asishiriki fasihi, uandishi wa habari, muziki, tamthilia wala filamu. Hebu irudie orodha hiyo taratibu. Mtu ameishi kwa kalamu, wenzake wa kalamu wanafungiwa kazi, na yeye kakaa kwenye kiti cha uwaziri anatikisa kichwa! Halafu mimi ndiye niambiwe nitenganishe fasihi na siasa. Yeye alizitenganisha lini?

Kambi ya mateso ya Jasenovac, ya serikali hiyohiyo, ilifunguliwa mwaka huohuo; majina ya waliouawa pale yaliyokwisha kukusanywa yamepita 83,000. Budak akaenda zake Berlin kuwa balozi, na 1943 akapandishwa kuwa waziri wa mambo ya nje. Hongera.

Kesi yake ya Juni 1945, Waustasha walipokwisha kushindwa vitani, ilikuwa ya chapuchapu, leo hukumu kesho kifo, na kesi za namna hiyo siziungi mkono hata kwa mtu kama yeye. Ila kuonewa mahakamani hakumsafishi.

Agosti 2004 kuna waliomwekea ukumbusho kijijini kwake, Sveti Rok. Serikali ikauondoa mwezi huohuo, labda kwa sababu ilikuwa inabisha hodi Umoja wa Ulaya. Na iwe hivyo. Anayeipenda Ognjište aisome nyumbani kwake hadi usiku wa manane. Mtaa una wakazi wa kila aina, na wengine ni Waserbia na Wayahudi, nao wanatakiwa kuliandika jina hilo kwenye kila fomu inayouliza wanaishi wapi.