Mti Unanililia Msiba Nikiwa Hai

Mimi sina ugomvi na miti. Huku kwetu Ng'ambo ya Mawingu kila mti una tabia zake: kuna mpera unaohama mvua zikichelewa, kuna mwembe haukupi embe mpaka uuamkie shikamoo. Hayo tumezoea. Lakini huu mlalama, jamani, umenishinda.

Ulikuja kwa amri ya jumbe. Wezi walizidi mtaani, akasimama mkutanoni akatangaza kila nyumba ipande mlalama mmoja uani, eti ukimwona mgeni usiku unapiga ukunga. Tukachangishwa hela za miche. Tulipouliza risiti, tukaambiwa mti ukilia ndiyo risiti yenyewe.

Kumbe mti hauna habari na mwizi. Unalia kiu! Jua likizama shina likiwa kavu unaanza kwa kuguna, unapandisha pole pole, ikifika saa nane usiku ni kilio cha mfiwa hasa, cha kujitupa chini. Na maji ya kuunyamazisha niyatoe wapi? Bomba letu linatoka siku ambayo mwezi mdogo unaupita mwezi mkubwa, na siku hiyohiyo ndiyo fundi anakumbuka kulifunga akaze koki. Nikimwagilia mti, watoto waoge umande?

Ulipolia mara ya kwanza majirani wakajua nimekufa. Wakaja na kanga zao, wakatandika mikeka, mwenyekiti akafungua daftari la rambirambi. Nikatoka ndani nikiwa na taulo kiunoni, nikawaambia jamani mimi mzima. Mnadhani walifurahi? Bibi mmoja akanitazama juu mpaka chini, akasema, "Basi ungesema mapema, mwanangu, tumeshainjika wali." Wali wenyewe ni mchele wangu! Wakala, wakanisifu marehemu alikuwa mtu wa watu, wakaondoka. Michango sijaiona mpaka leo.

Asubuhi nasinzia nimesimama kwenye joka la abiria, konda ananifokea, "Mzee, sogea mkiani, mkiani kweupe!" Mkiani ndiko joka linakofukuzia nzi. Lakini mtu ambaye hajalala atabishana na nani?

Juzi barazani alikuwapo msafiri mmoja katokea Duniani, kule kwenye mwezi mmoja. Nikamsimulia shida yangu, akacheka. Akasema hata kwao mimea inalia, ila ina adabu. Wataalamu wa Chuo Kikuu cha Tel Aviv walichapisha habari hizo mwaka 2023: mnyanya ukikosa maji, au ukikatwa shina, unatoa milio kwa makumi kila saa. Ukishiba maji, kwa wastani haufikishi hata mmoja kwa saa. Inadhaniwa ni viputo vya hewa vinapasuka kwenye mirija yake ya maji. Sauti ikishushwa ili mtu aisikie, inadata kama bisi sufuriani. Lakini isiposhushwa ni nyembamba mno, iko kwenye kilohezi (kipimo cha wembamba wa sauti) 40 mpaka 80, na sikio la binadamu linaishia 20 hivi. Yaani mnyanya unakufa kiu pembeni ya kitanda chako na wewe unakoroma! Hiyo ndiyo nchi ya kuishi.

Halafu akanitia donge zaidi. Akasema Kenya na Tanzania kuna mgunga wenye vinundu miibani. Sisimizi wanavitoboa, wanakaa humo, upepo ukipita kwenye vitundu mti unapiga mluzi. Na twiga akija kula majani, sisimizi wanamtokea kwa meno. Sasa huo si ndio mti wa ulinzi? Unapiga mluzi na askari unao! Jumbe wetu alishindwaje kuagiza ule?

Nikasema basi nitaung'oa. Msafiri akanizuia. Ulaya ya kale, akasema, waliamini tunguja wa kwao, uitwao mandrake, uking'olewa unapiga yowe la kumuua mng'oaji, ndiyo maana mbwa alifungwa kamba shinani auvute yeye, watu wameziba masikio mbali. Mbwa wangu alikuwa amelala pale chini ya benchi. Akainuka, akajinyoosha, akaondoka. Siku hizi namwona saa za kula tu.

Wezi nao si wajinga, wameshaujua mti kuliko jumbe. Siku hizi wanakuja na ndoo. Wanaumwagilia kwanza, mti unanyamaza, unawaimbia na bembelezi, ndipo wanaingia kuchagua. Kwa hiyo mtaani kwetu ukimya ndio king'ora: nikisikia kimya nashtuka, napapasa sufuria. Ila mke wangu ameshapiga hesabu zake. Anasema sufuria moja kwa ndoo tatu za maji, na usingizi juu, si biashara mbaya, na kama wanaweza waje na Alhamisi.

Na mti umenawiri, sikatai. Mwenye nyumba kapita jana, kauzunguka, kaupapasa majani, kisha kapandisha kodi, eti uwanja wenye kijani namna hii bei ya zamani haifai. Nikamwambia nyongeza hiyo akamdai anayemwagilia.