Mstahiki Meya na Rundo Letu

Leo asubuhi yule kijana wa pesa ya taka kapita. Kijana ana adabu zake, shikamoo anaitoa kwa mikono miwili, halafu anafungua kitabu cha risiti. Nikamuuliza, mwanangu, pesa ya taka zipi? Akasema za mwezi uliopita, baba. Nikamwambia hebu njoo. Nikamtoa mpaka kona ya mtaa, nikamsimamisha mbele ya rundo.

Rundo lile kwa sasa lina umri wa kuandikishwa chekechea. Kuku wanapanda juu kutazama mandhari. Mama wa mihogo ameshasogeza meza yake mara nyingi kulikimbia, mpaka sasa anauzia karibu na mlango wa msikiti, na ustaadhi hana la kusema maana naye mihogo anakula. Kijana akaliangalia lile rundo kwa heshima, akaniambia, "Mimi nakusanya hela tu, mzee. Kuzoa ni watu wengine."

Nikalipa. Tusiulizane kwa nini nimelipa.

Ila kauli ile imenikaa kooni. Kuzoa ni watu wengine. Nchi hii ukitaka kulipa unafuatwa mpaka kitandani. Ukitaka kuhudumiwa, ni watu wengine.

Sasa nisidharaulike. Mimi si mtu wa hivihivi. Nina steshenari yangu, hatua chache kutoka ofisi za halmashauri, na mashine ya fotokopi inayotoa nakala pande zote mbili siku ikiamka vizuri. Watu wa mji huu barua zao za malalamiko nawachapia mimi. "Mstahiki Meya. YAH:" Nimechapa YAH za kila namna. YAH: mtaro. YAH: kelele za baa. YAH: jirani kufuga nguruwe. YAH: kuomba jezi za timu ya mtaa. Na kila mteja akikaa kwenye ile stuli namwambia, ndugu yangu, hii mwandikie Mkurugenzi wa halmashauri. Hataki. Anamtaka Meya. Kamwona Meya kwenye televisheni amevaa joho na mkufu, basi kichwani kwake mwenye mkufu ndiye mwenye mji.

Mkufu anao, sikatai. Lakini Meya ni diwani. Ana kata yake aliyoombea kura, na huko pia kuna taka. Madiwani wenzake wamekaa ukumbini wakampigia kura awe mwenyekiti wao kwa miaka mitano. Naibu wake ndiye anayechaguliwa upya kila mwaka, ndiyo maana Naibu Meya ukikutana naye sokoni anakuulizia mpaka meno ya mtoto. Meya anaongoza baraza likikutana kila baada ya miezi mitatu, anaongoza kamati ya fedha, anapokea wageni, anakata utepe. Vizuri sana. Lakini hundi, wafanyakazi, magari, dizeli ya lori, barua ya kumhamisha bwana afya: Mkurugenzi. Na Mkurugenzi hakuchaguliwa na mimi, wala wewe, wala hao madiwani. Kateuliwa na Rais. Kisha kwenye baraza huyohuyo ndiye katibu, anakaa pembeni ya Meya na kuandika. Hebu vuta picha unaongoza kikao halafu katibu wako ndiye mwenye funguo za gari ulilokuja nalo. Utamkaripia?

Haya yote nayajua. Nayajua kuliko madiwani wengine, maana makabrasha yao hupitia kwenye mashine yangu. Pamoja na kuyajua, Jumamosi iliyopita Mungu alinileta sinia moja na Mstahiki Meya.

Ilikuwa msibani. Meya na misiba usiwatenganishe. Ukimtoa sheikh, hakuna anayezika zaidi yake. Tumetoka makaburini, tumekaa mikekani, wali umeletwa, nikaona watu wanajibana, "karibu Mstahiki, karibu Mstahiki," na Mstahiki huyo akavua viatu, akakaa ubavuni kwangu. Bila joho. Bila mkufu. Shati la mikono mifupi tu, na mkono anaunawa kama wewe na mimi. Nikajisemea, leo ndiyo leo. Nikasubiri amalize matonge mawili, sina haraka, mtu mwenye njaa hapewi ajenda.

"Mstahiki, pale kona ya mtaa wetu kuna rundo."

"Nalijua."

Moyo ukaniruka. Kiongozi analijua rundo langu!

"Nalijua sana, kaka. Nimelisemea barazani."

"Ikawaje?"

"Tukaazimia."

"Mkaazimia nini?"

"Liondolewe."

Mzee mmoja ng'ambo ya sinia akasema mashaallah.

"Sasa Mstahiki, mbona lipo?"

Akaangalia kushoto, akaangalia kulia, akashusha sauti. "Umenisikia nikisema tumeliondoa? Nimesema tumeazimia."

Nikatafuna kwanza. Mambo haya hayamezeki bila mchuzi. Nikamwambia, basi Mstahiki, wewe na Mkurugenzi si mnakaa meza moja, si unamgeukia tu unamwambia, ndugu, toa lori? Akaniangalia kwa huruma, ile huruma ya daktari. Akanieleza kwamba yeye humwagiza Mkurugenzi kwa kikao. Kikao kinaazimia, muhtasari unaandikwa, muhtasari unathibitishwa na kikao kinachofuata, kisha vinakuja yatokanayo, na kwenye yatokanayo ndipo unauliza lile rundo vipi, na unajibiwa kwamba utekelezaji unaendelea. Akimfuata Mkurugenzi koridoni akamwambia toa lori, hapo anaingilia utendaji. Na kuingilia utendaji ni kosa kubwa kuliko rundo.

"Nani anaandika huo muhtasari?" nikauliza.

"Katibu wa baraza."

"Ambaye ni Mkurugenzi."

"Ambaye ni Mkurugenzi."

Yule mzee akasema tena mashaallah, ila safari hii kwa sauti ya chini.

Nilidhani tumefika mwisho. Mstahiki akanisogelea mpaka nikasikia pilipili aliyokula. "Kaka, wewe unalia na rundo. Mimi taa ya barabarani nje kwangu imezimika tangu kabla ya mfungo. Wageni wanaingia kwangu na tochi za simu. Meya mzima! Nimeandika barua."

"Kwa nani?"

"Kwa nani tena? Kwa Mkurugenzi."

"Ukajibiwa?"

"Nimejibiwa. 'Suala lako linafanyiwa kazi.' Kasaini kaimu."

Barua hiyo, wallahi, ninaijua herufi kwa herufi, maana ni ileile wanayojibiwa wateja wangu wote. Hata koma haijasogea. Nikamwonea huruma, nikamsogezea kipande cha nyama. Akakipokea. Kisha huku anakitafuna akaniuliza, kwa sauti ya mtu anayeomba mchumba, "Wewe duka lako si liko jirani na pale ofisini? Huna unayefahamiana naye masjala?"

Mstahiki Meya wa manispaa nzima ananiomba mimi konekshen ya masjala!

Na ninaye. Yule dada wa masjala anakuja kwangu kila siku kukata vocha na kunikopa. Nikamjibu Meya, tena nikijikohoza kidogo kwa cheo, kwamba nitalishughulikia. Nitaliangalia. Alete nakala. Nilipoinama kwenye sinia nikakuta wakati sisi tunajadili utawala bora, mzee wa mashaallah amemaliza nyama zote na anajifuta ndevu.

Baadaye Meya akasimama kutoa rambirambi, na sauti ikabadilika papo hapo, ikawa ile ya televisheni. Kwa niaba ya halmashauri, kwa niaba ya waheshimiwa madiwani. Mtu mmoja akadakia kwamba njia ya makaburini haipitiki, jeneza limebebwa kwa kuruka madimbwi. "Nimelipokea!" Wote tukaitika. Nani asiyejua kwamba barabara za mijini zilishahamia TARURA, wakala wa serikali wa barabara za mijini na vijijini, tangu 2017? Yeye mwenyewe anajua. Lakini utamwambia mfiwa kwamba hilo si langu? Unapokea. Kazi ya Meya ni kupokea. Maji si yake, umeme si wake, barabara ilishaondoka, kodi ya jengo tangu 2021 inakatwa kwenye LUKU, ule umeme wa kulipia kabla, tena anakatwa mpangaji asiye na hata tofali, na hilo nalo watu wanamlilia Meya. Anapokea tu. Kabakiwa na soko, dampo na sisi.

Usiku nikamtumia shemeji yangu sauti kwenye WhatsApp. Yuko Dallas, Texas, anaendesha lori, na nilitaka anionee wivu kinyumenyume, aseme huku kwetu Meya akipiga simu lori linakuja. Wapi! Akanijibu kwa dakika ishirini, maana yuko barabarani na hana wa kuongea naye. Anasema hata Dallas ni hayohayo. Tangu 1931 mji unaendeshwa na meneja wa jiji. Baraza lina watu 15, Meya ni mmoja wao na kura yake ni moja. Azimio likipita asilolitaka hana turufu ya kulizuia. Mwaka 2005 wananchi waliulizwa, mnataka Meya mwenye nguvu? Wakasema hatutaki. Wakaulizwa tena mwaka huohuo. Wakasema hamjasikia?

Shemeji akishashika historia hana breki. Akanirudisha Staunton, Virginia, 1908, huko ndiko walikoanza kuajiri meneja, akanipeleka Dayton, Ohio, ambako mafuriko ya 1913 yaliwafanya watu waseme bora mji tumkabidhi mtaalamu kuliko mwanasiasa. Mafuriko! Nikamwambia shemeji, kama mafuriko ndiyo yanaleta meneja, sisi hapa tungekuwa nao wa kila kata.

Lakini kuna kitu kimoja alichosema kikaninyima usingizi. Huko meneja anaajiriwa na baraza lenyewe. Meya na wenzake wakimchoka wanakaa, wanapiga kura, bwana anafungasha. Huku kwetu aliyemleta Mkurugenzi si hao anaokaa nao. Madiwani wakikasirika, wanayeweza kumng'oa kwa kura ni Meya. Na wanamng'oa kweli, tumeona. Rundo lisipoondoka, anaondoka Meya. Maana huyo ndiye anayefikika.

Na usidhani ni juu tu. Shuka mtaani uone. Mwenyekiti wa mtaa tumemchagua sisi, kura yangu ipo, mtendaji kaajiriwa. Nenda kaombe barua ya utambulisho. Mwenyekiti anasema kamwone mtendaji, mtendaji anasema umeanzia kwa mwenyekiti? Unazunguka katikati yao mpaka benki inafungwa. Kenya wao mameya waliwafuta kabisa 2013 wakaweka magavana, na jamaa zangu wa Nairobi wananiambia taka zipo, hazikupata taarifa ya mabadiliko.

Zamani umeya ulikuwa na ladha. Meya wa kwanza Mwafrika wa Dar es Salaam, 1960 huko, alikuwa Sheikh Amri Abedi, mshairi wa kweli kweli, mwenye kujua vina na mizani. Huyo hata lori likikosekana unajua atakutungia beti nne, ukalala umefarijika. Sisi tunaletewa "linafanyiwa kazi". Haina hata kina cha kati.

Jamani mimi sitaki utawala bora. Sitaki azimio, sitaki yatokanayo, sitaki kujua nani anaingilia utendaji wa nani. Nataka lori. Moja. Hata bovu, lisukumwe, nitasukuma mimi na kijana wa risiti. Harufu inaingia mpaka kwenye wino! Juzi mteja kachukua cheti chake cha kuzaliwa nilichokitolea nakala, akakinusa, akaniangalia mimi.

Na wateja nao basi. Mtu anakuja kuchapa CV, unamwambia nitumie, anakutumia picha aliyoipiga kitandani, karatasi iko juu ya shuka la maua, kidole gumba kimefunika jina la chuo. Anataka itoke safi. Unaisafisha saa nzima, maua hayatoki. Ukimtajia bei anashangaa, eti si umebonyeza tu? Wakati huo umeme ushakatika mara mbili, mashine imetafuna karatasi, na dada wa masjala kasimama mlangoni anataka vocha ya jero, atalipa mwisho wa mwezi, mwezi ambao hakuutaja.

Nimempa, kwa ajili ya taa ya Meya. Nikamwambia kuna barua ya mkubwa mmoja imekwama. Akaniuliza mkubwa gani, nikamwambia Mstahiki. Akacheka mpaka akashika mlango. Kisha akasema yeye anapokea barua na kuzigonga muhuri tu. Kuzipeleka juu ni watu wengine.

Sasa hapa mbele yangu kuna bwana anataka nakala moja ya kitambulisho, upande mmoja. Shilingi mia. Kanipa noti ya elfu kumi, tena kaikunja mara nne, na ananiambia niharakishe, bodaboda inamsubiri.