Madanguro ya Shanghai: waliokombolewa wakilia

Ikitajwa China ya 1949 na ukahaba, watu husimulia usiku mmoja wa Beijing: Novemba 21, askari wakamwagika vichochoroni, kulipokucha madanguro 224 yalikuwa yamefungwa. Simulizi tamu. Mimi hunivuta zaidi Shanghai, ambako wakomunisti waliingia Mei 1949 na madanguro yakaendelea kwa miaka miwili na nusu.

Vichochoro vya Huile Li, mtaa wa madanguro wa Shanghai kando ya Barabara ya Fuzhou, vilikuwa vimeanza kuchakaa. Matajiri wengi waliokuwa wakitapanya pesa pale walishakimbilia Hong Kong. Serikali mpya iliyachukia madanguro, ila haikuwa na vitanda, dawa wala chakula cha kuwatosha wanawake wote wale. Basi ikayaandikisha, ikayabana kwa masharti, ikangoja yafe yenyewe. Wateja wakapungua. Deni ambalo msichana alibebeshwa siku aliponunuliwa halikupungua, na hilo ndilo linaloniudhi: subira ile ililipiwa na yeye, si na ofisa aliyeipanga.

Novemba 1951 yakafungwa 72 yaliyosalia, na wanawake 501 wakapelekwa kwenye kituo cha mafunzo chenye ulinzi mlangoni. Wakaangua kilio. Chakula wakakisusa. Wenye madanguro walikuwa wamewajaza maneno kwamba watatumwa kutegua mabomu ya ardhini, na damu yao watapewa wanajeshi. Halafu wa kwanza kuwafikia ni nani? Muuguzi na sindano, anataka damu ya kupima kaswende! Hata mimi ningetafuta dirisha la kurukia.

Sibezi kilichofuata. Walitibiwa kwa penisilini, dawa iliyokuwa adimu na ghali. Walifundishwa kusoma na kufuma soksi. Wenye madanguro waliowanunua wakafungwa jela. Ukinibana nichague kati ya uchochoro ule na kituo kile, nachagua kituo.

Ila kukombolewa ambako mtu haulizwi anataka kwenda wapi nakupa jina hilo kwa shingo upande. Baadhi yao walipelekwa mashamba ya serikali huko Xinjiang, mbali kabisa na kwao, kulikojaa wanajeshi wasio na wake. Wateja nao wakarudi kwa wake zao. Hakuna aliyewafungulia kituo wakajifunze kufuma soksi.