Wanyaya hawakusema dunia ni ndoto

Ndugu mwandishi, hapo uliposema falsafa ya Kihindu yote inafundisha kwamba dunia ni ndoto tu, hapana, umewasahau Wanyaya, yaani wafuasi wa Nyaya, shule ya Kihindu ya mantiki. Hawa tangu Nyaya Sutra, kitabu chao cha msingi cha Gautama (si yule Buddha), wanashikilia kwamba vitu vipo kweli hata kama hakuna anayeviangalia, chungu cha kupikia kipo tu, na wamebishana na Wabudha karne na karne kuhusu hilo hilo. Mfano wao wa kujenga hoja mi naupenda sana: mlima ule una moto, kwanini, una moshi, na penye moshi pana moto kama jikoni, na huo mlima una moshi wa hivyo, basi una moto. Hatua tano, na hiyo ya jikoni ndo inabeba mzigo maana inakurudisha kwenye kitu ulichokiona kwa macho yako. Halafu ukigeuza useme penye moto lazima pawe na moshi wanakukatalia, angalia chuma cha mhunzi, kimeiva chekundu na moshi hamna, moshi unatoka kuni zikiwa mbichi. Sasa watu wanaopima hoja hivi unawaitaje waota ndoto? Gangesha wa Mithila, India, naye, mwanafalsafa wa Nyaya wa karne ya 14, hukumtaja kabisa, naomba urekebishe makala.