Namba 41 akipanda hadi 12, nani asikilizwe?

Mtumishi wa umma analalamika kwamba tarehe yake ya kupanda daraja iliingizwa vibaya, ndiyo maana yuko namba 41 badala ya 12 kwenye orodha ya ukongwe, ile inayowapanga watumishi kwa muda waliotumikia. Kamati inafungua faili, inasoma barua ya uteuzi, inamkubalia. Kwa hatua hiyo watu 29, kuanzia namba 12 hadi 40, wameteremka nafasi moja bila kuulizwa neno.

Wanaoona hapo hakuna tatizo wana hoja nzito. Kupandishwa cheo ni tumaini tu, na aliyeshuka nafasi moja hajakatwa mshahara hata shilingi. Kila mmoja akipewa nusu saa mbele ya kamati, ni saa 14 na nusu, na mapingamizi hayajajibiwa. Wakati huo aliyedhulumiwa anazidi kungoja. Tena mwamba ngoma huvutia kwake: nani kati ya hao 29 atakiri kwamba mwenzake ana haki?

Lakini hasara yao hailingani. Pale ukongwe unapoamua nani apandishwe, nafasi zikitangazwa 12, aliyekuwa namba 12 sasa ni wa 13. Wa namba 30 huenda asihisi kitu. Wa namba 12 amekosa cheo.

Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya ya 2010, pamoja na sheria ya mwaka 2015 iliyotungwa kukitekeleza, vinamlinda: anayeelekea kuumizwa na uamuzi apewe taarifa mapema, nafasi ya kujieleza, sababu, na nyaraka zinazotegemewa. Hata kabla ya hapo, katika kesi ya David Onyango Oloo ya 1987, Mahakama ya Rufaa ilitengua uamuzi wa kumnyima mfungwa msamaha wa sehemu ya kifungo bila kumsikiliza. Kudai kwamba matokeo yangekuwa yale yale hakuokoi uamuzi wa namna hiyo.

Ugumu wenyewe unaonekana katika kaunti kama Mombasa, iliyorithi watumishi wa baraza la manispaa, ikapokea wa wizara ambazo kazi zake zilihamishiwa kaunti, kisha bodi yake ya utumishi ikaajiri wapya. Chukua aliyeingia barazani 2009 akafikia daraja fulani 2015, na mwenzake aliyeajiriwa moja kwa moja kwenye daraja hilo 2014. Ukihesabu tangu kuingia kazini, wa kwanza ndiye mkongwe. Ukihesabu tangu kuingia darajani, ni wa pili. Hapo karani hakukosea popote. Kinachoamuliwa ni kanuni ipi itumike, na kanuni haiamuliwi kwa kusikiliza upande mmoja.

Kwa maoni yetu, si lazima watu 29 waitwe chumbani. Maandishi yanatosha. Ikiwa 2006 iliandikwa 2016, barua ya uteuzi inajibu, na taarifa ya siku 7 inafaa. Panapobishaniwa kanuni, itolewe rasimu, watu wapewe siku 21, na kila pingamizi lijibiwe kwa sababu. Rasimu ionyeshe tarehe ya kuajiriwa, tarehe ya kuingia daraja na kanuni iliyotumika. Orodha ya majina matupu haipingiki. Na isiishie kwenye ubao wa matangazo kisiwani Mombasa: muuguzi wa zamu ya usiku Likoni, ng'ambo ya kisiwa, au aliye kwenye likizo ya uzazi hataiona. Kila anayeshuka apelekewe barua, atie saini ya kuipokea.

Kosa baya zaidi ni kuidhinisha kwanza, kisha kukaribisha malalamiko. Kamati iliyokwisha kutia saini husikiliza ili ijitetee.

Aliyeshushwa kimya kimya aombe sababu na nyaraka kwa maandishi. Ofisi ina siku 30; ikinyamaza, sheria inachukulia kwamba haikuwa na sababu nzuri, hadi ithibitishe vinginevyo. Mtumishi wa kaunti anakata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90 tangu uamuzi, wala asingoje majibu ya ofisi hadi muda huo umpite. Akiiruka tume, kwa kawaida Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi humrudisha huko.

Akifika mahakamani, awaunganishe kwenye kesi wale watakaoshuka. Mahakama ya Juu ya India iliamua mwaka 1984, katika kesi ya Prabodh Verma, kwamba shauri la namna hii lisiamuliwe bila walioguswa, au baadhi yao kuwawakilisha wakiwa wengi. Uamuzi huo haufungi mahakama za Kenya, ila tahadhari yake ni ya kweli: ukishinda bila namba 12 kuwamo, anaweza kuja kuomba hukumu itenguliwe, na faili inarudi mwanzo.