Dimbwi la angani: kulifunga au kuliacha?

Hadithi iliyotugawa wasomaji wa Tabora ni ya kubuni tangu mwanzo hadi mwisho, na mwandishi wake, kijana wa hapahapa mjini, hajadai vinginevyo. Ndani yake, kwenye njia ya vyombo vya anga kati ya nyota mbili, pana kasoro ambayo mabaharia wameipa jina la Dimbwi. Kila linapofunguka, Dimbwi hurarua chombo chochote kilicho karibu, lakini papo hapo huacha mapovu makubwa yenye hewa, maji na joto, na humo huonekana viumbe ambao hawajapata kuonekana kwingine. Siku 40 zikitimia mapovu hupasuka, maji huganda, na hakibaki kitu ila vumbi. Nahodha amekabidhiwa mtambo wa kuliziba Dimbwi milele, na hadithi inakatika kabla hajaamua.

Wasomaji wengi wamekwisha kumwamulia: alizibe. Hoja yao si ya kudharauliwa, kwa kuwa vyombo kumi na kimoja vimepotea hata kabla ya sura ya tatu, na waliokuwamo wana wake, waume na watoto. Wanatukumbusha Ziwa Nyos la Kameruni, ambalo mwezi Agosti 1986 lilifumua hewa ya ukaa iliyokuwa imejilimbikiza kwenye kina chake, ikateremka mabondeni usiku na kuua watu wapatao 1,700 pamoja na mifugo yao. Ziwa la namna hiyo, wanasema, haliachwi hivihivi. Kisha wanaongeza hoja ya pili, na hiyo ndiyo iliyonifanya nishike kalamu: kwamba viumbe wa mapovu watakufa tu siku ya arobaini, kwa hiyo mtambo hauwanyimi kitu ila siku chache.

Aliyekulia kando ya mbuga hawezi kuipokea hoja hiyo kirahisi. Mbuga, kwa maana yetu ya huku, ni ile tambarare ya udongo mweusi inayofurika masika na kupasuka nyufa kiangazi. Katika madimbwi ya msimu ya Afrika Mashariki na Kusini, Tanzania ikiwemo, huishi samaki wadogo wa jenasi ya Nothobranchius, ambao maji yakikauka hufa wote, wazee kwa vijana. Kinachobaki ni mayai yaliyofukiwa matopeni, yakiwa yamesimamisha ukuaji wake kwa miezi mingi, tena si yote yanayoamka pamoja, bali mengine huchelewa, kana kwamba yanaishuku mvua ya kwanza. Mwaka 2018 watafiti waliochunguza madimbwi ya kusini mwa Msumbiji walieleza kwamba spishi moja ya jenasi hiyo, Nothobranchius furzeri, inaweza kukomaa na kuanza kuzaa katika siku 14 tu tangu kuanguliwa.

Naomba tusiivuke haraka namba hiyo. Kuku wa kienyeji huatamia mayai kwa siku 21. Samaki aliyeanguliwa asubuhi ile kuku alipoanza kulalia atakuwa mzazi kwa wiki nzima kabla ya kifaranga cha kwanza kutoboa gamba. Ukimpa samaki huyo siku 40 za Dimbwi, atakomaa, atataga, na bado atakuwa na siku 26 za kuendelea kutaga. Tunaziita siku hizo chache kwa sababu tunazipima kwa umri wetu sisi, ambao siku ya arobaini bado tunafunikwa khanga.

Mpinzani makini atajibu kwamba mbuga hurudi palepale na ina udongo wa kutunza yai, ilhali povu halina sakafu. Jibu hilo lina uzito, na lingenishinda kama mwandishi asingetaja, kama kwa bahati tu, kwamba vumbi huvutwa na Dimbwi linapofunguka tena, na kwamba viumbe wenye mapezi matatu walionekana katika mapovu mawili yaliyopishana kwa miaka sita. Ikiwa vumbi lile ndilo tope lao, basi makazi yao si povu moja, bali ni kule kufunguka na kufunguka tena, na atakayeziba atakuwa amewaua hata wale ambao bado hawajaanguliwa. Anayejaza kifusi mbugani mwezi Septemba haoni samaki hata mmoja akifa.

Wapo wanaoona ni anasa kuwajali viumbe ambao kuwapo kwao hakuna hakika. Lakini chombo cha anga kiitwacho Galileo kiliangamizwa katika sayari ya Mshtarii mwaka 2003, na Cassini katika Zohali mwaka 2017, kusudi visije vikaangukia miezi ambayo huenda ina uhai na kuichafua, ingawa hakuna aliyeuona uhai huo. Nakiri kwamba vyote viwili vilikuwa vimekaribia kuishiwa mafuta, kwa hiyo kafara yenyewe haikuwa kubwa.

Na hata Nyos haiwasaidii sana wanaoitaja. Mwaka 2001 wahandisi walisimamisha bomba la kupandisha maji ya chini ili hewa ile itoke kidogo kidogo. Ziwa lenyewe halikukaushwa, lipo hadi leo. Hadithi nayo ina bomba lake, ila limepitwa haraka katika majadiliano yetu: ipo njia ya kulizunguka Dimbwi, inayoongeza miezi mitano ya safari. Sura ya saba inaeleza bila kuficha kwamba gharama ya mtambo ililipwa na wenye shehena, na kwamba wajane wa vyombo vile kumi na kimoja, walipoulizwa, waliomba njia ibadilishwe.