Nyasi za Mei, moto wa Septemba

Moto uliingia shambani kwa mama yangu saa nane mchana, mwezi wa tisa, mikorosho ikiwa imebeba. Shamba liko upande wa Liwale ukitoka Nachingwea mjini, mkoani Lindi, na nyuma yake kuna pori la miombo ambalo kijiji kimelitenga kuwa msitu wake. Kusi ilikuwa inavuma. Nyasi za porini zilikuwa zimempita mtu mzima kimo na zimekauka kabisa. Tulipouona moshi, moto wenyewe tayari ulikuwa unasikika. Tulipambana nao kwa matawi mabichi na ndoo, watu kumi na wawili, hadi magharibi. Mikorosho 41 iliungua. Mingine ilipandwa na babu, na mama aliichuma tangu akiwa msichana.

Keshokutwa yake ukaitishwa mkutano. Kabla majivu hayajapoa, mkosaji alikuwa ameshapatikana: mfugaji. Hakuna aliyemwona akiwasha, lakini ng'ombe walionekana bondeni juzi yake, ikatosha. Wengine wakataka mifugo yote iondolewe kijijini. Wengine wakasema tuchange fedha tuzungushe seng'enge kwenye mashamba na msitu. Nilikaa kimya siku ile kwa sababu nilikuwa na hasira kama wao. Leo naandika kwa sababu nadhani tulikosea, na kiangazi kingine hakiko mbali.

Ukweli ni kwamba moto ule ungeweza kuwashwa na yeyote. Kuna wanaorina asali kwa kienge. Kuna wanaowinda ndezi kwa kuchoma vichaka. Kuna sisi wakulima wa ufuta, ambao kila mwaka tunafyeka pori jipya, tunakusanya matawi, tunachoma, kisha upepo unabadilika. Na kuna wafugaji wanaochoma ili mizizi itoe majani mabichi kabla ya mvua. Njiti ina wenyewe wengi. Kwa hiyo swali la nani aliwasha, hata likijibiwa, halituzuii kuungua tena. Swali ninaloliona mimi ni hili: kwa nini mwezi wa tisa palikuwa na nyasi za kimo cha mtu, kavu, kutoka barabarani hadi kwenye shina la mkorosho, bila hata mahali pamoja ambapo moto ungeshindwa?

Huku kusini mvua ni ya msimu mmoja. Inaanza Novemba au Desemba, inakwisha Aprili au Mei, halafu miezi sita ya ukavu. Nyasi zilizonyeshewa miezi yote hiyo haziwezi kubaki zimesimama tu. Zitaliwa. Ama zitaliwa na ng'ombe zikiwa bado zina utamu, ama na moto mdogo wa mwezi wa sita tunaouwasha wenyewe, ama na moto kichaa wa Septemba. Mchwa watakula kidogo, swala kidogo. Zilizobaki zinamngoja mmoja wa wale watatu, nasi kwa miaka mingi tumemwachia wa tatu.

Jambo hili lilipimwa zamani. Karibu na Ndola, Zambia, kwenye miombo kama yetu, mwaka 1933 yalianza majaribio yaliyoendelea kwa miongo kadhaa. Eneo moja lilichomwa kila mwaka mwanzoni mwa kiangazi, lingine mwishoni mwa kiangazi, na lingine likalindwa moto usiingie kabisa. Palipochomwa mwishoni, miti mikubwa ya miombo ilipungua mwaka hadi mwaka mpaka pakawa nyasi na vichaka. Palipochomwa mapema, miti iliendelea kusimama. Palipolindwa, msitu ulifunga. Sababu yake anaijua mtu yeyote aliyewahi kuchoma shamba. Mwezi wa sita nyasi zina unyevu, mwali uko chini, na usiku umande unauzima. Mwishoni mwa kiangazi mwali unafika kwenye matawi, na mche unaoukuta unaukata mpaka ardhini. Mpingo mchanga unaweza kukatwa hivyo kila mwaka, ukachipua upya kutoka mizizini kila mwaka, usikue hata hatua moja. Nao ni mti unaohitaji zaidi ya miaka 70 ili ufae kuvunwa.

Wenzetu wa Kilwa wamelifanyia kazi. Vijiji kama Kikole na Kisangi vina misitu yao wenyewe ya mpingo, na tangu mwaka 2009 uvunaji katika misitu ya vijiji vya huko umekuwa chini ya FSC, cheti cha kimataifa cha misitu inayovunwa kwa uangalifu, wakisaidiwa na MCDI, shirika la kuhifadhi mpingo. Sehemu ya kazi yao ni kuchoma mapema kwa mpango. Hilo nalisifu bila shaka yoyote. Lakini hata kuchoma mapema kunataka watu, siku kadhaa, na hali ya hewa ya kuaminika, na ukizidisha mpaka pembeni ya mikorosho unaweza kuikausha majani kabla ya maua. Ndiyo maana namrudia yule mlaji wa kwanza.

Ng'ombe ni wageni huku. Mbung'o waliwazuia wasienee kusini kwa vizazi vingi, kwa hiyo Wamwera, Wamakonde, Wayao na Wamakua tumelelewa na jembe, kuku na mbuzi wachache. Makundi makubwa yalikuja hivi karibuni, hasa baada ya wafugaji kuondolewa bonde la Usangu, Mbeya, mwaka 2006 na 2007 na kuelekezwa kwenye wilaya kama Kilwa na Lindi. Walifika kwenye vijiji vingi ambavyo havikuwa na eneo la malisho lililopimwa, wala josho, wala lambo, wala njia ya mifugo. Wakapita katikati ya mbaazi zetu. Ugomvi ulitoka pale, na siudharau hata kidogo: mtu anayelisha watoto watano kwa mbaazi akikuta shamba limelazwa chini alfajiri, ana haki ya kulia na kudai fidia.

Miezi michache baada ya moto nilikwenda kumwona mzee mmoja wa Kisukuma anayeishi ng'ambo ya mto wetu. Nilimwamkia, tukakaa chini ya mwembe, nikamwuliza kama kwao Shinyanga moto huwa unawasumbua namna hii. Akanijibu, "Mwanangu, kwetu nyasi zina ratiba. Kuna za kula sasa na kuna za ngitili." Ngitili ni sehemu ya malisho inayofungwa masika yote, isiguswe, ili ifunguliwe kiangazi kikali. Ni desturi ya Wasukuma ya zamani. Ilikaribia kupotea, kisha mradi wa HASHI (Hifadhi Ardhi Shinyanga) ulioanza mwaka 1986 ukaifufua katika sehemu nyingi za mkoa wa Shinyanga, na miti ikarudi kwenye maeneo yaliyokuwa yameitwa jangwa. Nilimwuliza uzio wa ngitili hutengenezwa na nini. Alinitazama kama hajanielewa. Haina uzio. Watu wanajua mpaka wake, na anayeingiza ng'ombe kabla ya wakati anatozwa.

Nilirudi nyumbani nikiwaza. Watu tunaotaka kuwafukuza kwa kutojua kutunza ardhi wana desturi ya kufunga na kufungua malisho ambayo sisi hatuna hata neno lake. Tulichotakiwa kuwaomba ni waigeuze kidogo. Kwao kazi ni kuhifadhi nyasi mpaka kiangazi. Huku kazi ni mbili: kuhifadhi upande mmoja, na upande mwingine kuzimaliza nyasi kabla ya kiangazi.

Nimefanya hesabu, na mtu yeyote airekebishe. Ukanda wa malisho wenye upana wa mita 50 na urefu wa kilomita 2 ni hekta 10. Tuseme kila hekta ina tani 3 za nyasi ukizikausha, jumla tani 30. Ng'ombe wa kienyeji wa kilo 250 anakula kama kilo 6 kwa siku, kwa hiyo ng'ombe mia moja wanamaliza kilo 600. Nyasi nyingine wanazikanyaga na kuzilaza, na nyasi iliyolala mwali wake ni mfupi. Tukikadiria nusu huliwa na nusu hukanyagwa, ukanda huo unakwisha chini ya mwezi mmoja. Mwezi huo lazima uwe wa Mei au Juni. Agosti ukiwaleta ng'ombe hapo watakula kidogo wakupite, maana bua limekuwa gumu na halina chakula. Hata katika nyanda kavu za magharibi mwa Marekani, mifugo hutumiwa kulisha kanda za namna hii ili moto ukifika ukose kuni, na Catalonia, Hispania, kondoo na mbuzi hupelekwa makusudi kwenye misitu kabla ya majira ya moto.

Huko Marekani na Norway sasa wanamvisha ng'ombe kola yenye GPS. Mfugaji anachora mpaka kwenye simu. Mnyama akiukaribia anasikia mlio, akiendelea anapata mshituko mdogo wa umeme, na baada ya siku chache anageuka kwa mlio peke yake. Mpaka unahamishwa bila kung'oa nguzo. Ni kitu kizuri, na sitashangaa kikifika hapa siku moja. Ila kola inamlinda ng'ombe ndani ya mstari ambao watu wameshaukubali. Sisi mstari wenyewe hatujauchora, na wa kuuchora kwa mwaka huu wapo: mchungaji wa miaka kumi na sita mwenye fimbo, na kamati ya maliasili ya kijiji.

Kuhusu seng'enge nasema waziwazi kwamba siitaki kwenye msitu. Kwanza bei yake, nguzo zake, na mchwa wanaokula nguzo. Pili, waya ukishaachwa porini bila mlinzi hugeuka mitego ya wanyama, na hilo tunalijua. Tatu, sisi tuko kwenye njia ya tembo. Kutoka pori la akiba la Selous kushuka Liwale, Nachingwea, Masasi hadi Nanyumbu na mto Ruvuma, wanyama wanapita, na wanapita pia kwenye mashamba yetu, nami nimekesha nikipiga debe kuwafukuza. Lakini kuwafungia njia ni kitu kingine. Botswana walijenga uzio wa Kuke mwaka 1958 kuzuia magonjwa ya mifugo, na ukame ulipokuja nyumbu waliokuwa wakifuata maji walikutana na waya, wakafa kwa maelfu.

Uzio ninaoukubali ni ule mfupi, pale tu inapouma: pembeni ya mbaazi. Hapa ndipo ugumu wenyewe ulipo na sitaki kuupita haraka. Mahindi tunayavuna, lakini mbaazi zinabaki shambani hadi Agosti na zaidi. Yaani mwezi uleule ninaotaka ng'ombe waje kulisha ukanda, jirani ana mbaazi za kijani hatua thelathini kutoka hapo, na ng'ombe anazipenda mbaazi kuliko nyasi yoyote. Hapo ratiba peke yake haitoshi. Panatakiwa boma la miiba la msimu, au safu ya mkonge, ambao Lindi tunaujua tangu enzi za mashamba makubwa na ambao hauungui ovyo, au minyaa. Na panatakiwa wachungaji wawili badala ya mmoja, na fidia iliyokubaliwa kabla, imeandikwa, ya kila mstari wa mbaazi utakaoliwa.

Ukanda nao lazima upumzike. Ng'ombe wakirudishwa palepale kila mwaka, wakakaa mpaka udongo ukawa uchi, nyasi nzuri zitakufa na vichaka vya miiba vitachukua nafasi, na mvua ya Desemba itauzoa udongo kuupeleka mtoni. Nadhani tuwe na kanda tatu zinazopokezana, na kingo za mto zisiguswe. Kisheria hatuhitaji kumngoja mtu: Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inaipa serikali ya kijiji usimamizi wa ardhi yake kwa ridhaa ya mkutano mkuu, na mpango wa matumizi ya ardhi unaweza kutaja malisho, njia za mifugo na barabara za kuzuia moto kwenye ramani moja. Ninaloliomba ni kwamba ramani hiyo iwe na miezi ndani yake. Eneo limeandikwa "malisho" bila kusema lini linafunguliwa na lini linafungwa, na hapo ndipo tunapogombana.

Mwaka jana tulijaribu bila idhini ya mtu zaidi ya majirani. Mjomba wangu na yule mzee walikubaliana ng'ombe sabini wakae upande wa kusini wa shamba, ambako kusi inatokea, kwa wiki tatu za Juni. Septemba moto ulikuja tena kutoka bondeni. Kwenye ukanda ulioliwa ulishuka mpaka kwenye kifundo cha mguu, na vijana wanne waliuzima kwa matawi. Upande wa mashariki, ambako hapakuliwa, ulipenya na kuchukua mikorosho sita.

Pale mashariki ni mpakani na jirani aliyetukatalia. Mwaka mmoja kabla yake ng'ombe walimaliza mbaazi zake ekari nzima na hakulipwa chochote. Mkutano wa kijiji ni mwezi wa tatu. Kabla ya siku hiyo nitakwenda kwake, mimi, mjomba na yule mzee, na tutaanza na hesabu ya ekari ile moja.